Jinsi ya kumpata kigong'ota mkubwa wa kijivu katika misitu ya sal

Siku tatu za mwanzo nilizipoteza kwa kufuata mlio wa kugonga. Nilikuwa nimetoka nyumbani na mazoea yangu: porini kwetu ukisikia ko-ko-ko kwenye mgunga, unanyata, unainua darubini, kigong'ota huyo hapo. Kumbe kwa huyu wa Asia mazoea yale hayafui dafu. Kila nilipofika penye mti uliokuwa ukigongwa nilimkuta mwingine, mara nyingi wale wenye mgongo wa dhahabu na shungi jekundu. Wazuri kweli, lakini siye niliyemfuata. Siku ya nne dereva wetu, mzee aliyekulia kando ya msitu, akacheka: huyo unayemtaka hagongi, anapiga kelele.

Wanasayansi wanamwita Mulleripicus pulverulentus. Mimi namwita kigong'ota mkubwa wa kijivu. Ana urefu wa sentimita 48 hadi 58 na wakubwa wao hupita nusu kilo. Hakuna kigong'ota mkubwa kuliko yeye ambaye tuna hakika yu hai. Wawili wa Amerika waliomzidi hawajulikani waliko: wa Marekani mara ya mwisho kuonekana bila ubishi ilikuwa 1944, wa Mexico 1956. Anaishi kuanzia chini ya milima ya Himalaya, India na Nepal, akipita Myanmar, Thailand na Malaysia, hadi Sumatra, Borneo, Java na kisiwa cha Palawan huko Ufilipino. Mimi nilimjifunza katika hifadhi ya Corbett, jimbo la Uttarakhand, kaskazini mwa India, kwa hiyo nitakuelekeza kwa hapo.

Hatua ya 1: Panga safari kati ya Februari na Aprili

Majani ya sal, mti mkuu wa msitu huu, hupungua wakati huo na matawi ya juu huonekana. Ndege nao wanaanza msimu wa kuzaliana, wana makelele zaidi. Mji wa kufikia ni Ramnagar, una treni kutoka Delhi. Kibali cha kuingia hifadhini kata mapema kwa mtandao, kwa sababu magari yanayoruhusiwa kwa siku yana idadi maalumu. Ukanda wa Dhikala hufungwa msimu wa mvua, kuanzia katikati ya Juni hadi katikati ya Novemba, usije ukajikuta umefika na lango limefungwa.

Ndani ya hifadhi hushuki garini. Utazunguka kwa gari dogo la wazi, wenyeji huliita jipsi, pamoja na mwongozaji. Wapo simbamarara na tembo humo, na kigong'ota hana thamani ya mguu wako.

Hatua ya 2: Tafuta mti kwanza

Hapa ndipo wengi wanapokosea, nami nilikuwa mmoja wao. Corbett imejaa msali, yaani mti wa sal, Shorea robusta: mrefu, shina limenyooka, gome jeusi lenye mipasuko ya wima, jani pana linalong'aa. Sehemu kubwa ya msitu ule ni mti huo. Lakini sal changa, nyembamba, zilizojipanga kama nguzo za umeme, zipite bila kusimama. Huyu ndege anataka wazee.

Sababu si ya kuficha. Ndege wa nusu mita anahitaji shina nene ili achimbe tundu la kulala na la kutagia, tena juu kabisa. Na chakula chake, kama tutakavyoona, kimejificha kwenye miti mikubwa yenye matawi yaliyokufa, mipasuko na mashimo. Mti mchanga wenye afya kwake ni kabati tupu.

Ninachofanya ni hiki: namwomba dereva aende taratibu, nami natazama mashina, sitazami ndege. Nikiona mti ambao watu wawili wangehitaji kushikana mikono ili kuuzunguka, na juu yake kuna tawi moja au mawili yaliyokauka, naandika mahali. Nikipata miti kama hiyo minne mitano karibu karibu, hapo ndipo kituo changu cha kesho asubuhi. Njia pana zilizofyekwa kuzuia moto ni nzuri sana, maana unapata upenyo wa kutazama mbali, na ndege akivuka unamwona mzima.

Ukipita misitu ya India na Nepal utashangaa jinsi miti ya namna hiyo ilivyo adimu. Ubao wa sal ni mgumu na hauozi upesi, na enzi za Waingereza ulikatwa kwa wingi kutengenezea mataruma ya reli. Upande wa Malaysia na Borneo, miti jamii ya sal hukatwa kwa mbao, na misitu mingine imegeuzwa mashamba ya michikichi. Shirika la kimataifa la uhifadhi wa asili, IUCN, limemweka ndege huyu katika orodha ya wanaotishiwa kutoweka. Akikosa miti mizee hana pa kuhamia.

Hatua ya 3: Zima injini, sikiliza

Kuanzia saa 1 hadi saa 4 asubuhi. Mlio wake ni wa nguvu, wa kurudiarudia, kitu kama woi-kwik-kwik-kwik, unaofanana na farasi anayelia kwa mbali. Ukiwahi kuusikia mara moja hutausahau. Huwa wanalia wakiwa wanaruka kutoka mti hadi mti, na wanajibizana, kwa hiyo ukisikia mmoja geuka taratibu usikilize wa pili yuko upande gani. Mara nyingi anayelia wa pili ndiye yuko karibu zaidi.

Kugonga anagonga anapotafuta chakula, hilo haliepukiki, lakini ile ngoma ya haraka haraka ambayo vigong'ota wengine hupiga kutangaza mipaka yao, kwake ni nadra mno. Ukisikia ngoma, endelea na chai yako.

Usicheze sauti yake kwenye simu ili umvute, hasa msimu wa kuzaliana. Atakuja, ndiyo, lakini atakuwa ameacha kazi yake kuja kumfukuza adui asiyekuwepo.

Hatua ya 4: Mhakikishe kwa macho

Picha ya kwanza kichwani iwe ya kunguru. Wale kunguru wenye shingo ya kijivu waliojaa Zanzibar na Dar es Salaam asili yao ni Bara Hindi (waliletwa Zanzibar miaka ya 1890), na Ramnagar utawakuta wanagombania makombo kama kwao, maana ni kwao. Kunguru yule ana kama sentimita 40. Kigong'ota wetu anamzidi. Ukiona ndege mrefu kuliko kunguru ameng'ang'ania shina wima, nusu ya kazi imekwisha.

Sasa rangi. Mwili wote kijivu, kama jivu la mkaa lililopoa, kukiwa na vidoadoa hafifu vyeupe shingoni. Koo ni la manjano iliyopauka, na kwenye mwanga wa asubuhi hilo ndilo linaloonekana kwanza. Dume ana bako jekundu shavuni chini ya jicho. Jike hana. Makinda wamefifia na wana ukahawia kidogo. Hana shungi, na kwa jinsi shingo yake ilivyo ndefu na nyembamba, kichwa chake kinanikumbusha nyoka anayechungulia. Mdomo ni mrefu, mnene, wa rangi iliyopauka.

Tazama na namna anavyoruka. Vigong'ota wengi hupanda na kushuka angani kama mashua kwenye mawimbi. Huyu hupiga mabawa polepole na kwenda moja kwa moja. Kwa mbali nimewahi kumwita kunguru mbele ya wageni, nikaaibika alipotua kwenye shina.

Corbett hakuna wa kukuchanganya sana ukishaona ukubwa na kijivu kile. Ukimtafuta Malaysia au Thailand, jihadhari na kigong'ota mweusi mwenye tumbo jeupe, naye ni jitu. Ila yule ana utosi mwekundu, na weusi wake ni wa kweli.

Hatua ya 5: Kaa utazame anachokula

Wengi wakishapiga picha wanawasha gari. Bakini. Chakula chake kikuu ni sisimizi, na sisimizi wa miti ya juu, si wale wa ardhini. Hula pia mchwa, mabuu ya mbawakavu yaliyo ndani ya mbao, na hubomoa viota vya nyuki wadogo wasiouma, wale ambao kwetu pia hukaa kwenye mashimo ya miti na asali yao hutafutwa kama dawa. Mara mojamoja hudonoa tunda.

Ukiwa na darubini ya 8x42, yaani inayokuza mara nane, utaona hatua zenyewe. Kwanza anapanda shina kwa mikupuo, akijiegemeza kwa mkia wake mgumu kama mtu aliyekalia kigoda, vidole viwili mbele na viwili nyuma. Halafu anachungulia mipasuko kwa ile shingo ndefu. Akipata dalili, anabandua gome au anapiga mapigo machache mazito yenye kishindo, kisha anaingiza ulimi. Ulimi wa kigong'ota ni mrefu na unanata, na mizizi yake huzunguka nyuma ya fuvu. Akikuta kundi la sisimizi au mzinga anaweza kukaa pale pale muda mrefu bila kusogea, na hapo ndipo unapopata picha nzuri kuliko zote.

Hatua ya 6: Hesabu familia, kisha andika

Hatembei peke yake. Huenda wanne, watano, pengine zaidi, watoto wakubwa wakiwa bado na wazazi. Wanahama mmoja mmoja: wa kwanza anaruka, kimya kidogo, wa pili anafuata njia ile ile. Kwa hiyo ukimwona mmoja akivuka barabara, usimfuate kwa lenzi. Elekeza lenzi kule alikotoka na usubiri. Wengine wanakuja.

Ingiza idadi, dume na jike, kwenye eBird, mtandao wa kuandikisha ndege walioonekana, na kwenye daftari lako andika mti gani na unene wake. Ukikuta tundu, usitangaze mahali lilipo. Kuhusu kuhesabu, mpe aliyebaki nyuma dakika kumi za ziada. Mara ya mwisho nilihesabu wanne nikamwambia dereva twende. Tulipoanza kusogea, wa tano akatoka nyuma ya shina, akalia, akawafuata wenzake.