Kurahisisha aljebra yenye sehemu, nilivyomwelekeza mdogo wangu

Mdogo wangu yuko form one, juzi kaniletea daftari limejaa peni nyekundu, nikaangalia nikaona kujumlisha anajua, sehemu anazijua, ila zikishakaa na x ndo anapotea. Naandika hapa tulivyofanya, labda na kwako kuna mtoto anahangaika hivyo hivyo.

Chukua hii: 2x/3 + 1/4 − x/6 + 5/2. Usikimbilie KDS (kigawe kidogo cha shirika, yani namba ndogo kuliko zote inayogawanyika kwa namba zote za chini) ya zote nne, unajipa kazi bure. Kwanza ndugu wakae na ndugu zao, yani zenye x huku, namba tupu kule, na kila moja ihame na alama iliyo kushoto kwake: 2x/3 − x/6, halafu 1/4 + 5/2. Sasa kila kundi na KDS yake. Za x ni 6, kwahiyo 4x/6 − x/6 inabaki 3x/6, ambayo ni x/2. Za namba ni 4, 1/4 + 10/4 unapata 11/4. Jibu x/2 + 11/4, ishia hapo hapo.

Penye shida hasa ni hapa: (x + 3)/2 − (x − 1)/3. KDS ni 6, dogo akaandika 3x + 9 − 2x − 2, akapata (x + 7)/6. Ile alama ya kutoa haiishii kwenye x, inatoa kila kitu kilichokaa juu ya 3, kwahiyo weka mabano kabla hujafanya chochote: 3(x + 3) − 2(x − 1), yote juu ya 6. −2 mara −1 ni +2, unapata 3x + 9 − 2x + 2, jibu (x + 11)/6. Akabisha. Nikamwambia haya weka x = 1 kwenye swali: 4/2 − 0/3, ni 2. Kwenye jibu lake ikatoka 8/6, kwenye langu 12/6 ambayo ndo 2. Akachukua ufutio mwenyewe.

Na tafadhali ile 6 isitupwe! Wakishasoma milinganyo wanazoea kuzidisha kwa KDS, asili (namba za chini) zinaisha, wanaandika x + 11 basi. Kwenye mlinganyo unazidisha pande zote mbili za sawasawa ndo maana inakubali, hapa hakuna upande wa pili, ukiitupa umeongeza thamani mara sita.

Mpe na hii ajaribu: (x + 5)/4 − (x − 2)/6. Akileta (x + 19)/12 kapata, akileta (x + 11)/12 mrudishe kwenye mabano.