Unataka kuanza kumcheki Louis de Funès? Usianze na Gendarme

Watu wengi wakisikia de Funès, yule mchekeshaji wa muvi wa Kifaransa, wanakimbilia zile muvi za Gendarme (yaani askari polisi), ziko sita, ya kwanza 1964 ya mwisho 1982, wakifika ya tatu wamechoka wanasema huyu mzee wa Kifaransa anapayuka tu. Siwalaumu, wameingilia mlango wa uani.

Anza na La Grande Vadrouille ya 1966. Humo yeye ni kiongozi wa okestra ya Opera ya Paris, mwigizaji mwenzake Bourvil ni fundi rangi, ni Vita vya Pili vya Dunia, Wajerumani wameshika mji na hawa wawili inabidi watoroke pamoja wakati hawawezani kabisa. Ufaransa peke yake iliuza tiketi zaidi ya milioni 17, sasa piga hesabu. Subiri pale anapokaa mabegani kwa Bourvil kama mtoto halafu bado anataka kuheshimiwa kama bosi.

Ukimaliza hiyo rudi nyuma hadi La Traversée de Paris, 1956. Anatokea dakika chache tu, muuza duka anayeficha nyama ya magendo chini kwenye stoo, mwigizaji Jean Gabin anamfokea jina lake kwa sauti ya kusikika mtaa mzima na yeye anasinyaa palepale. Hapo ndo utaelewa siri yake yote: kwa mkubwa ni asali, kwa mdogo ni pilipili, na kubadilika kunachukua sekunde moja. Na kumbuka huyu mtu kazaliwa 1914, alikuwa anapiga piano kwenye mabaa ya Pigalle, mtaa wa starehe wa Paris, akacheza vijisehemu miaka na miaka, ustaa wenyewe umekuja anagonga 50.

Tatu ni Oscar, 1967. Alishaicheza sana jukwaani kabla haijawa muvi kwa hiyo kila kitu kimeshakaa mwilini. Ni tajiri anayeamshwa asubuhi na mfanyakazi wake anayetaka aongezewe mshahara, kuanzia hapo mambo yanaharibika tu. Kuna sehemu anajivuta pua, pua ambayo haipo, anairefusha kwa mkono mpaka anaipiga kama fidla, basi hapo fanya hivi: irudie ukiwa umezima sauti. Kama hujui Kifaransa usijali, na usigandie maandishi ya chini manake ukiyasoma unakosa uso, angalia mikono na macho, ile ni ridhimu ya mpiga piano kabisa.

Halafu Rabbi Jacob ya 1973, hiyo haihitaji maelezo, kuna pipa la ubani wa kutafuna humo ndani.

Mwaka 1975 moyo ukamletea shida nzito, ndo maana kwenye L'Aile ou la Cuisse ya 1976, alipocheza na mchekeshaji Coluche, de Funès amepunguza kasi, ila mimi naipenda hivyohivyo, hasira imekuwa ya chinichini.

Sasa ndo rudi kwa Gendarme. Mwangalie Cruchot, yule askari anayemcheza, akimpigia saluti mkuu wake halafu akigeukia vijana wake, uso mmoja, watu wawili.