Jinsi ya kunakili CD ya Temple of the Dog kuwa FLAC bila kupoteza sauti

Temple of the Dog, kundi la rock la Seattle, walitoa albamu moja tu, Aprili 1991, kisha kila mmoja akarudi kwenye bendi yake. Chris Cornell wa Soundgarden alitunga "Say Hello 2 Heaven" na "Reach Down" kumlilia Andrew Wood, mwimbaji wa Mother Love Bone aliyewahi kuishi naye nyumba moja Seattle, na ambaye heroini ilimuua Machi 1990. Studio aliingia na Matt Cameron, Stone Gossard, Jeff Ament, Mike McCready na kijana aliyekuwa mgeni mjini, Eddie Vedder. Albamu ya pili haipo, kwa hiyo hii moja inastahili kuhifadhiwa nzima, kwa FLAC, aina ya faili inayobana sauti bila kupoteza chochote.

Hatua ya 1: Jua umeshika toleo lipi

Hapa ndipo wakusanyaji wengi huteleza. Ipo miksi (mpangilio wa sauti na ala) ya 1991, iliyotengenezwa na bendi pamoja na Rick Parashar pale London Bridge Studio, na ipo miksi ya Brendan O'Brien iliyotoka 2016 albamu ilipotimiza miaka 25. Usidhani ya pili ni ile ya kwanza iliyopandishwa sauti. O'Brien alirudi kwenye rekodi za awali akapanga upya sauti na ala. Sikiliza "Hunger Strike", pale Vedder anapoimba chini na Cornell akimjibu kutoka juu. Kwenye ya 1991 wamezungukwa na mwangwi mwingi, kama watu walio ndani ya ukumbi mkubwa. Kwenye ya 2016 wamesogea karibu nawe. Mimi naipenda ya 1991 kwa sababu ule mwangwi ni sehemu ya msiba wenyewe. Ukitunza zote mbili, andika mwaka wa miksi kwenye jina la folda tangu mwanzo.

Hatua ya 2: Safisha CD

Tumia kitambaa laini, ukifuta kutoka katikati kwenda ukingoni kwa mstari ulionyooka. Usifute kwa kuzungusha.

Hatua ya 3: Nakili kwa programu inayojikagua

Kwenye Windows natumia Exact Audio Copy; kwenye Mac, XLD. Programu za kawaida zikikutana na mkwaruzo huweza kubahatisha sauti na kusonga mbele bila kukuambia. Kwenye Exact Audio Copy chagua Secure mode, inayorudia kusoma kila sehemu yenye shaka. Washa AccurateRip, ambayo hulinganisha nakala yako na za watu wengine wenye CD kama yako. Rekebisha pia offset ya draivu, kwa kuwa kila aina ya draivu huanza kusoma mbele au nyuma kidogo ya mahali halisi. Kisha nakili kwa Test & Copy: kila wimbo husomwa mara mbili na matokeo hulinganishwa.

Hatua ya 4: Soma logi

Logi ni ripoti ambayo programu huandika ikimaliza kunakili; usiifunge kabla ya kuisoma. Test CRC na Copy CRC, namba za utambulisho za usomaji wa kwanza na wa pili, lazima zifanane kwa nyimbo zote 10. Angalia zaidi "Reach Down": ina dakika 11 na sekunde 11, na gitaa la McCready hutawala sehemu kubwa yake. Mkwaruzo mmoja katikati ya solo hiyo ukishausikia, hutaacha kuusikia. Namba zikitofautiana, safisha CD na urudie wimbo huo, au jaribu draivu nyingine.

Hatua ya 5: Bana kuwa FLAC

CD hubeba sauti ya biti 16 na 44.1 kHz. Albamu hii ya dakika 55 hivi, ikiwa WAV, yaani faili isiyobanwa, hula kama MB 580. FLAC hupunguza uzito huo bila kugusa sauti. Kiwango cha 0 hadi 8 hubadilisha ukubwa wa faili na muda wa kubana tu. Mimi hutumia 8.

Hatua ya 6: Kagua faili ulizopewa

Jina FLAC si ushahidi wa chochote. Niliwahi kununua folda ya albamu hii kwa mtu aliyeniapia kwamba imetoka kwenye CD. Nilipofungua wimbo wa kwanza kwenye Spek, programu inayochora masafa ya sauti kwa rangi, rangi zote zilikatika kwenye 16 kHz kama zimekatwa kwa rula. Ilikuwa MP3 iliyovalishwa kanzu ya FLAC. Sauti ya CD kwa kawaida hupanda hadi karibu na 22 kHz, ikififia taratibu. Lakini MP3 ya 320 kbps hufika karibu na 20 kHz na inaweza kukuhadaa, kwa hiyo dai pia logi.

Hatua ya 7: Tunza mahali pawili

Weka FLAC, logi na faili ya cue (inayoonyesha kila wimbo unaanzia wapi kwenye CD) pamoja, kwenye diski mbili tofauti. Ukimaliza kuhamisha, endesha amri `flac -t *.flac`, inayopima kama faili ni nzima, kwenye diski ya pili. Usiifute folda ya kwanza mpaka uone "ok" mara 10.