Kabla hujaanza kudai fidia ya ndugu aliyeuawa na gari

Pole kwanza. Ukimaliza kulia, au hata kabla hujamaliza, tafuta faili, maana madai haya hukwama kwenye karatasi kabla hata hayajamfikia hakimu.

Cheti cha kifo: jina lifanane na la kitambulisho, herufi kwa herufi. Ripoti ya daktari aliyeuchunguza mwili: ichukue mapema. Risiti za hospitali na mazishi zitoe nakala kabla wino haujafifia.

Sasa ripoti ya polisi. Hii isome ukiwa bado kituoni, hata kama askari anakutazama vibaya.

Kaka yangu aligongwa na lori akiwa kwenye baiskeli. Lilikuwa likikata kona, tela ndilo likampiga, na askari aliyepima ajali akaandika namba aliyoiona nyuma. Niliipokea karatasi kwa mikono miwili, nikashukuru, nikaikunja mara nne. Sikujua kwamba kichwa cha lori kina namba yake na tela lina yake, na kwamba bima zake zinaweza kuwa za kampuni mbili tofauti. Tukapeleka dai kwa kampuni aliyotutajia dereva. Baada ya miezi mitano likaja jibu la mistari miwili: gari lenye namba hiyo halimo kwenye kumbukumbu zetu.

Nikarudi kituoni. Askari yule kahamishwa. Faili limepelekwa mahakamani kwenye kesi ya dereva. Mahakamani naambiwa karani yuko likizo. Mwaka mmoja na miezi miwili ukapita kwa ajili ya namba moja. Kilichotuokoa ni mpwa wangu, kijana ambaye hakuna mkubwa aliyefikiria kumuuliza chochote. Siku ya pili ya msiba alikwenda kulipiga picha lori lile kituoni, kwa hasira tu, na namba ya mbele ilisomeka vizuri, pamoja na stika ya bima kwenye kioo. Muda wote huo picha ilikuwa kwenye simu yake.

Kwa hiyo piga picha mbele, nyuma, ubavuni na kwenye stika. Halafu waulize vijana wa nyumbani wana nini kwenye simu zao.

Muda wa kufungua kesi usiukisie. Kenya na Tanzania madai ya namna hii kwa kawaida yana miaka mitatu. India, sheria iliyoanza kutumika 2022 ilitaja miezi 6. Kampuni ikikuandikia "tunalishughulikia", siku zako bado zinahesabiwa. Barua kumi za upole hazina nguvu ya kesi moja iliyofunguliwa kwa wakati.

Amueni mapema nani atasimama kwa niaba ya familia, mkamthibitishe kisheria. Nimeona kesi ikiahirishwa mara tatu kwa sababu mjane na shemeji yake kila mmoja kaja na wakili wake.

Marehemu hakuwa na hati ya mshahara? Kusanya miamala ya simu, daftari la mauzo, risiti za ada alizolipa. Fidia ya wategemezi hupimwa kwa alichokuwa akiingiza na muda ambao angeendelea kuwatunza, na usipothibitisha kipato, atahesabiwa kama kibarua wa kima cha chini.

Kampuni ya bima ikikuletea fomu ya kupokea pesa, tafuta maneno "malipo kamili na ya mwisho". Ukishatia saini hapo, umefunga mlango mwenyewe. Wanaijua njaa yako, na hundi ndogo huletwa wiki ile ile ada zinapodaiwa.

Hati halisi usimwachie mtu, hata wakili, mpe nakala. Kila simu unayopiga andika tarehe na jina la aliyepokea. Namba ya kesi ishike mwenyewe, na siku ya kutajwa nenda hata ukiambiwa si lazima. Na mtu akikufuata mochwari akisema yeye ni wakili, muulize kwanza nani amempa jina lako.