Namna ya kuchapa picha kwa jiwe, kama wanavyofanya Kinngait

Wengi huvutiwa na kazi hii baada ya kuona picha ya bundi ya Kenojuak Ashevak, mchoraji wa Kiinuit (wenyeji wa asili wa Aktiki) aliyeishi Kinngait (zamani Cape Dorset), kaskazini mwa Kanada. Picha hiyo ya mwaka 1960, The Enchanted Owl, ilitolewa nakala 50: nusu nyekundu na nyeusi, nusu kijani na nyeusi. Mwaka 1970 ikawekwa kwenye stempu ya Kanada. Kenojuak alichora, mafundi wa karakana ya ushirika wakachonga jiwe na kuchapa. Hata ukifanya yote peke yako, ukishika patasi kumbuka kwamba wewe ni mtumishi wa mstari uliokwisha kuchorwa. Usiurekebishe.

Tafuta jiwe laini, lenye chembe ndogo, lisilo na ufa. Kinngait walianza na serpentini, jiwe la rangi ya kijani, baadaye wakatumia sleti, jiwe la matabaka bapa. Aliye Kenya ana jiwe la Kisii kutoka Tabaka, nalo linafaa, ila ni laini mno kwa mistari myembamba. Kwa kuanzia, sentimita 30 kwa 40 zinatosha, na unene usipungue sentimita 4.

Kusawazisha ndiko kunakoamua kila kitu. Sugua kwa msasa na maji, namba 80, kisha 220, kisha 400. Simamisha rula ya chuma juu ya jiwe na uchungulie dhidi ya mwanga: mwanga unapopenya pana bonde, na hapo wino hautafika. Maji ni ya lazima, kwa sababu vumbi la mawe huharibu mapafu. Unapochonga vaa barakoa na miwani.

Paka jiwe rangi nyembamba isiyofanana na rangi yake, ili kila unapochonga paonekane. Nakili mchoro kwenye karatasi inayopenyeza mwanga, uigeuze, kisha uhamishe mchoro kwenye jiwe kwa karatasi ya kaboni. Usipoigeuza, bundi aliyetazama kulia atachapwa akitazama kushoto.

Sasa ondoa sehemu zote zitakazobaki nyeupe. Kando ya mstari shuka milimita 5 hivi. Kwenye maeneo mapana fika sentimita 1, maana karatasi hulegea katikati ikagusa chini na kuacha madoa. Ukuta wa mstari uwe na mteremko kwenda nje. Ukichimba chini yake, mstari utabomoka wakati wa kusugua. Patasi ielekee mbali na mstari, na nyundo iwe nyepesi.

Tandaza wino wa mafuta juu ya kioo kwa rola hadi uwe utando mwembamba. Pitisha rola juu ya jiwe mara nyingi kwa wepesi. Wino mwingi kwa mkupuo mmoja huziba nafasi kati ya manyoya. Rangi mbili zaweza kukaa kwenye jiwe moja: tumia rola ndogo tofauti, na ufunike upande wa pili kwa karatasi iliyokatwa.

Karatasi iwe nyembamba lakini yenye nyuzi ndefu, kama ile ya Kijapani ya magome ya mforosadi. Ilaze, weka uzito upande mmoja isihame, funika kwa karatasi laini, kisha sugua kwa mgongo wa kijiko cha mbao. Mashine ya kugandamiza yaweza kupasua jiwe. Inua kona moja uangalie: palipofifia, rudisha na usugue tena. Picha ikitoka na kivuli, karatasi ilihama, na nakala hiyo haiokoleki.

Paka wino upya kwa kila nakala, na uzianike siku kadhaa. Ziandike 1/50, 2/50 na kuendelea, kwa kalamu ya risasi. Muhuri mwekundu wa iglu ni wa karakana ya Kinngait, kwa hiyo buni wako. Nakala ya mwisho ikitoka, saga uso wa jiwe ili toleo lisiongezwe kamwe. Aliyenunua moja kati ya 50 anastahili uhakika huo.