Kuangalia nyota bila simu: anza na Kilimia

Siku hizi wengi tunaangalia nyota kwenye kioo cha simu, unainyanyua, app inakuandikia jina, unasema aah kumbe, unashusha. Nyota yenyewe hujaiona! Desemba iliyopita nilikuwa ufukweni Pangani na mpwa wangu, nikamuuliza Kilimia, kile kishada cha nyota, kiko wapi, akanionyesha simu, "Mjomba si hii hapa, imeandikwa Pleiades". Nikamwambia zima hiyo tukae.

Ukitaka kujaribu, chagua usiku ambao mwezi haupo, siku mbili tatu kabla au baada ya mwezi kuandama, na ukae mbali na taa. Simu uizime kabisa, sio kuiweka vibrate mfukoni, maana hapa ndo watu wanapoharibu: jicho linahitaji kama dakika 20 mpaka 30 kuzoea giza, sasa umeshakaa robo saa meseji ikaingia ukachungulia mara moja tu, basi unaanza upya. Kupunguza mwanga wa kioo hakutoshi. Kama lazima umulike njia, funga tochi kitambaa chekundu, mwanga mwekundu hausumbui macho sana.

Halafu angalia mashariki kuelekea kaskazini, mwishoni mwa Novemba na Desemba, saa mbili usiku hivi. Tafuta kishada kidogo cha nyota zilizobanana kama zimefunikwa na moshi. Usikikodolee macho, angalia pembeni yake kidogo, pembeni mwa jicho ndo panakamata mwanga hafifu vizuri zaidi, utashangaa zinavyotokeza.

Wazee walisema Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Na kweli, kwetu kinapotea magharibi masika ikiwa inaishia, mwezi wa tano, kinarudi Juni alfajiri mvua zimekata. Hilo uliangalie mwenyewe mwaka mzima, linanoga. Mwezi huohuo wa tano, saa tatu usiku, geukia kusini uone Msalaba wa Kusini.

App sio mbaya, isome nyumbani kabla hujatoka. Picha ndo achana nazo, kamera inakusanya mwanga sekunde kadhaa, ukilinganisha utaona macho yako hayafai kumbe yako sawa.

Mpwa wangu alihesabu nyota sita za Kilimia, na husemwa ziko saba. Akauliza ya saba iko wapi, na mpaka tunakung'uta mchanga kuondoka alikuwa bado kainua shingo anaitafuta.