Kabla Hujazidisha Matriksi Mbili

Kabla hujaandika namba hata moja ya jibu, andika ukubwa wa kila matriksi, yaani jedwali la namba, chini ya jina lake: safu mlalo zitangulie, safu wima zifuate. A yenye safu mlalo 4 na safu wima 3 ni 4×3. Ukigeuza ukaandika 3×4, kila kinachofuata kitakwenda mrama hata kama hesabu yako ni safi.

Zipange kama utakavyozizidisha: A (4×3), halafu B (3×2). Tazama namba mbili zinazokutana katikati. Hapa ni 3 na 3, kwa hiyo AB ipo, na namba za pembeni, 4 na 2, ndizo ukubwa wa jibu. Sasa geuza: B (3×2), halafu A (4×3). Katikati zimekutana 2 na 4. BA haipo. Tafadhali usiandike sifuri. Sifuri ni jibu, na hapa hakuna jibu.

Sababu inaonekana ukiifanya kazi yenyewe. Kila namba ya jibu hutokana na safu mlalo moja ya kushoto na safu wima moja ya kulia. Safu mlalo 2, 5, 1 ikikutana na safu wima 3, 0, 4, unazidisha kila namba na mwenzake kisha unajumlisha: 6 + 0 + 4, yaani 10. Iondoe ile 4, na 1 itabaki bila mwenzake. Kuziba pengo kwa sifuri ni kubadilisha swali, na kuipindua matriksi, safu mlalo ziwe safu wima, ili tu ukubwa ukubali ni vivyo hivyo.

Lakini namba kulingana hakutoshi, na hili ndilo ningependa lifundishwe mapema zaidi. Tuseme safu mlalo za A ni majengo manne, na safu wima zake ni idadi ya vipande vya chuma, mbao na kioo. Safu mlalo za B ni vifaa hivyo vitatu, na safu wima zake ni uzito na ujazo wa kipande kimoja. AB itakupa uzito na ujazo wa kila jengo. Ila kama B imeanza na mbao badala ya chuma, hesabu itakubali vilevile, jibu litatoka 4×2 kama ulivyotarajia, na kila namba ndani yake inaweza kuwa ya uongo. Basi soma majina: safu wima za kushoto na safu mlalo za kulia ziwe vitu vile vile, kwa mpangilio ule ule.

Matriksi mraba (zenye safu mlalo na safu wima kwa idadi moja) za ukubwa sawa huzidishika pande zote mbili, ingawa AB na BA kwa kawaida hutofautiana. Kwenye kompyuta, hakikisha alama unayotumia: katika NumPy, maktaba ya hesabu ya lugha ya Python, kinyota (*) huzidisha namba zilizo mahali pamoja, na @ ndiyo huzidisha matriksi.

Matriksi zikiwa tatu, amua mabano kabla, yaani zipi mbili utaanza kuzidisha. Chukua 2×50, 50×3 na 3×40. Ukianza na mbili za kwanza, utazidisha namba mara 300, kisha mara 240: jumla 540. Ukianza na mbili za mwisho, ni 6,000, kisha 4,000. Jibu ni lile lile.